Mwenzangu wa Alhamisi

Tarehe 6 Machi

Mwanangu,

Barua yako nimeipata, na kabla hujauliza: nakula, nalala, na paa halivuji tena. Goti la kushoto bado lina maneno yake kila asubuhi, lakini likishapata moto linanyamaza. Hizo ndizo habari za mwili, tuziache hapo.

Unanilaumu kwamba sipokei simu. Mama, simu hii ndiyo iliyonipa habari za kifo cha mama yako, nikiwa nimesimama jikoni na sufuria mkononi. Tangu siku hiyo ikilia naiacha ilie mpaka ichoke. Wewe andika. Nimepanga herufi za chapa tangu sina ndevu mpaka nilipostaafu, barua haiwezi kunishinda. Tena barua naisoma mara ya pili na ya tatu. Simu ukishaikata imekwenda.

Umesema pia kwamba najifungia ndani kama kobe. Basi futa hilo. Siku hizi kila Alhamisi alasiri natoka. Nimepata mwenzangu wa kutembea naye mji wa kale. Tunaanzia lango kuu, tunapita kisimani, tunapanda ngazi za mnara, kisha tunashukia uwanjani. Ana sauti tamu, ya kumtuliza hata mtoto mwenye homa, na anajua kusimulia. Kwenye zile ngazi hunishika mkono bila mimi kuomba. Iwe mvua, liwe jua, ana mwavuli wake mwekundu, kwa hiyo nikiwa bado mbali namwona na moyo unatulia. Tumezoeana. Nikichelewa hunisubiri.

Kwa hiyo usiwe na wasiwasi juu yangu. Msalimie sana mkwe wangu, mwambie asikuchoshe.

Ni mimi,
Baba yako


Tarehe 11 Machi

Baba, shikamoo.

Barua yako nimeisomea kazini, nikiwa nasaga kioo cha miwani ya mteja, na kioo nikakiharibu. Bosi ameniuliza kama naumwa. Nikamwambia ndiyo.

"Mwenzangu." Baba, hilo ni neno ulilokuwa ukimwita mama. "Mwenzangu, chai iko wapi? Mwenzangu, umeona miwani yangu?" Nimekua nikilisikia. Na mama hajamaliza hata mwaka.

Sauti tamu! Mwavuli mwekundu! Mtu mzima gani anatembea na mwavuli mwekundu jua likiwaka, kama si kutaka kuonekana? Halafu anakushika mkono hadharani, ngazini, mji mzima unatazama, na wewe unaniandikia kama mtu anayetoa habari za mvua.

Sikukatazi. Wewe ndiye baba, mimi ni mtoto, na mtoto hamchagulii mzazi. Lakini nina haki ya kuuliza. Ni nani huyo? Ana watoto? Mna muda gani? Anajua kwamba una presha na hutakiwi kupanda ngazi ovyo? Wapo siku hizi wanaovizia wazee wenye nyumba, Baba, tena hao ndio wenye sauti tamu kuliko wote.

Nijibu upesi. Mkweo anakusalimu. Yuko barazani, ametoa kiti chake jioni hii kama kawaida, anapunga upepo. Anasema ukija hicho kiti ni chako.

Binti yako


Tarehe 16 Machi

Wino, sahibu yangu,

Huko kwa mwanao wanakulisha nini? Maana mimi huku nimecheka leo mpaka nikakaa chini, na mtu anayecheka peke yake katika nyumba tupu ni mtu wa kuandikia rafiki yake haraka kabla majirani hawajamwitia daktari.

Binti yangu anadhani nimepata mchumba.

Ngoja nianze mwanzo, na usinikate kauli, maana wewe tangu enzi za kiwandani hujawahi kumwacha mtu amalize sentensi. Alipofariki mwenzangu, watu walikuja. Kisha wakapungua. Kisha wakaisha, na siwalaumu, kila mtu ana kwake. Ikafika nikawa nasalimiana na redio. Siku moja, alasiri, nikatoka kununua mkate, nikapita lango kuu. Pale palikuwa na kundi la wageni, na mbele yao jibaba moja lenye tumbo, ndevu hadi kifuani, limenyanyua mwavuli mwekundu ili wasipotee. Ni mtembeza wageni. Alikuwa anahesabu watu wake kwa kidole, kidole kikanifikia. Akauliza, "Mzee, na wewe uko nasi?"

Wino, siku ile hakuna mtu aliyekuwa ameniuliza kitu. Wala jana yake. Nikasema ndiyo.

Akauliza, "Umetoka wapi, mzee wetu?" Wenzangu wote wametoka mbali, wana kofia, wana chupa za maji. Mimi nina begi la mkate. Niliona aibu kusema natoka mtaa wa pili. Nikataja mji, wa kwanza ulionijia mdomoni. Basi nikawa mgeni. Na Alhamisi iliyofuata nikarudi, nikamwambia nitakuwa hapa kwa muda, nimekuja kutibiwa goti, na matembezi yake yamenifurahisha. Amefurahi mno. Sasa nikifika hunitambulisha kwa kundi jipya: "Huyu ni mzee wetu, mgeni wetu wa kudumu." Ananiuliza kama nimelala vizuri. Kwenye ngazi ananishika mkono.

Nimezaliwa hapa, nimeoa hapa, nimezika hapa, na kila Alhamisi naoneshwa mji wangu kama mtu aliyeshuka jana. Pale kisimani anasimulia habari za malkia aliyedondosha pete. Sijawahi kuisikia maishani. Na shika kiti chako: tukifika kwenye nyumba yetu ya chapa, anasimama, anaugonga ule ukuta kwa mpini wa mwavuli, anasema, "Hapa, mabibi na mabwana, palikuwa ghala la chumvi." Nami natikisa kichwa kwa mshangao. Chumvi! Naangalia lile dirisha ulilokuwa ukitupia vipisi vya sigara, natikisa kichwa, nasema, "Ajabu kweli."

Sasa hilo la binti. Nilimwandikia tu kwamba nimepata mwenzangu wa kutembea naye, asije akafikiri nanyauka humu ndani. Ameona sauti tamu, ameona mwavuli, ameona kushikwa mkono, akamaliza. Nilichukua kalamu nimweleze. Nikaandika mstari mmoja, nikauchana.

Kwa sababu, Wino, barua yake hii imenifikia siku chache tu baada ya yangu. Kabla ya hapo alikuwa ananiandikia mara moja kwa miezi miwili, ukurasa mmoja, nusu yake salamu. Hasira yake inaandika haraka kuliko mapenzi yake. Nikimwambia ni jibaba lenye ndevu, atacheka, atatulia, nami nitasubiri tena miezi miwili. Tena nikianza kumwambia, itabidi nimwambie yote: kwamba baba yake anatoa kiingilio ili asemeshwe. Hilo siwezi.

Nukta


Tarehe 17 Machi

Mwanangu,

Taratibu, mama. Unasaga kioo cha watu, usije ukasaga kidole.

Umeuliza maswali mengi na mengine hayana majibu kwenye karatasi. Huyo mwenzangu si mtu mbaya. Nyumba yangu hajawahi kuikanyaga wala kuiulizia. Ana watoto, ndiyo, watatu, wakubwa. Habari za presha anazijua, na kila tukifika nusu ya ngazi hunikalisha kwanza. Mengine tutazungumza wakati wake ukifika.

Mama yako hana wa kukalia nafasi yake. Hilo uliweke akilini hata ukikasirika.

Niandikie. Hata kama ni kunigombeza, niandikie.

Baba yako


Tarehe 24 Machi

Wewe Nukta,

Chumvi? Miaka yote ile tumevuta wino mapafuni, mpaka leo nikikohoa natoa herufi, halafu sisi tulikuwa chumvi? Na wewe umesimama pale na ndevu zako nyeupe unasema "ajabu kweli"? Ungemwambia basi kwamba gunia moja la chumvi hiyo bado liko hai, linakaa kwa mwanawe na linaandika barua.

Nimecheka, lakini kicheko hakikukaa. Nakujua. Wewe ni mtu uliyekuwa hupitishi kosa la herufi moja hata kwenye tangazo la kupotea kwa mbuzi, ukasimamisha mtambo mzima, tajiri anapiga kelele. Leo unapitisha ghala zima la chumvi ili usiondolewe kundini. Hilo limeniuma.

Usidhani huku mimi nimo peponi. Nyumba imejaa watu, nakubali. Lakini wanachoniambia kutwa ni "Babu, sogea kidogo." Kwa hiyo sikucheki kwa kulipia kusemeshwa. Ningekuwa na goti zima ningekuja kusimama nyuma yako.

Ila mwambie mtoto ukweli. Lawama nyingine ni za hii lugha yetu: "yeye" ni yeye, awe na hereni au awe na ndevu, na wewe umejificha humo ndani kwa makusudi. Mtoto hajui kwamba umejificha. Anajiona anampoteza mama yake mara ya pili. Njia ya mwongo fupi, Nukta, na wewe una goti bovu, hutafika nayo hata mbali.

Wino


Tarehe 2 Aprili

Baba, shikamoo.

"Mengine tutazungumza wakati wake ukifika." Hivyo ndivyo ulivyokuwa ukiniambia nikiwa mdogo, nikiuliza kitu ambacho jibu lake ni hapana.

Silali. Nikifumba macho nauona huo mwavuli. Umeingia sebuleni kwetu, umetundikwa kwenye msumari wa kanga ya mama. Najua unasema hajawahi kufika nyumbani. Atafika. Watu hawashikani mikono ngazini kila Alhamisi ili wabaki ngazini.

Nisikilize vizuri. Kama unampenda, sema. Nitalia, nitanyamaza, kisha nitakuja na zawadi, nitamsalimia kwa heshima zote kama ulivyonilea. Ninachoshindwa kustahimili ni hiki cha kufichwa. Mimi na wewe tumebaki wawili. Tukianza kufichana, tumebaki na nini?

Nitaomba ruhusa kazini nije nimwone kwa macho yangu.

Mkweo hajambo, anasema nisikusumbue.

Binti yako


Tarehe 8 Aprili

Mwanangu,

Usije. Yaani, njoo, hapa ni kwenu, lini nimekukataza? Ila usije sasa hivi na kwa hasira. Safari ni ndefu, kazi utaiacha na nani, na mumeo atabaki anakula nini? Ngoja mvua zipungue. Ngoja nipake rangi chumba chako, kimeingia unyevu.

Nitakueleza yote, nakuahidi. Nipe muda nipate maneno.

Baba yako


Tarehe 9 Aprili

Wino,

Maji yamefika shingoni. Anataka kuja kumwona "mama wa kambo". Nimemwandikia asije, na nilipokwisha kuitia barua sanduku la posta ndipo nikatambua kwamba hakuna neno baya zaidi ningeweza kumwandikia. Sasa ataamini tumeshafunga ndoa.

Hapo mwanzo ilikuwa mchezo. Sasa naogopa. Si kuumbuka, hilo ni dogo. Naogopa akijua jinsi ninavyoishi atabeba mzigo. Ana nyumba yake, ana mume mwema, anajenga maisha yake kule. Nilijisemea tangu siku ya mazishi kwamba sitakuwa jiwe shingoni mwake. Bora aniwaze niko mkononi mwa mwanamke mwenye mwavuli kuliko aniwaze nasalimiana na redio.

Wewe ulikuwa na ulimi. Niandikie namna ya kumwambia.

Nukta


Tarehe 26 Aprili

Baba,

Shikamoo yangu safari hii uipokee ukiwa umekaa. Tafadhali kaa.

Nilikuja.

Ilikuwa Alhamisi ya juzi hii. Nilipanda basi la kwanza bila kukuarifu. Njia nzima nilikuwa napanga maneno ya kumwambia huyo mwanamke, na nilikuwa nimeyapanga vizuri, yana heshima na yana sumu. Nikavaa miwani nyeusi ya dukani na mtandio mpaka usoni, nikaenda kusimama lango kuu, nyuma ya kundi la wageni, nikasubiri mwavuli mwekundu.

Mwavuli ukatokea. Chini yake mwanamume mwenye ndevu hadi kifuani na tumbo la mtu aliyekula ng'ombe na pembe zake. Baba, nilitaka kuanguka kwa kicheko. Nilielewa yote mara moja: sauti tamu, kushikwa mkono, watoto watatu. Nikajiona mjinga, nikajiona mwepesi, kama mtu aliyetua mzigo wa kuni. Nikaanza kuvua miwani nije nikukumbatie mbele za watu, nikwite mwongo mkubwa.

Ndipo mwenye mwavuli akasema, "Mzee wetu, waambie wenzako unatoka wapi."

Ukataja mji wangu.

Ukawaambia unaishi kule na binti yako na mkweo. Ukasema nyumba ina baraza pana, na mkweo ni kijana wa watu, kila jioni anakutolea kiti upunge upepo. Ukasema binti yako akitoka kazini hukaa na wewe mkaongea mpaka giza linaingia. Ukasema wanakuomba usichelewe kurudi, wanaona nyumba tupu usipokuwepo. Mama mmoja mwenye kofia akakwambia, "Una bahati, mzee." Ukasema, "Sana." Ulivyosema ile "sana", Baba, uso wako ulikuwa unang'aa.

Nikarudisha miwani machoni. Mwenye mwavuli akaja na kwangu: "Na wewe, dada?" Nikaonyesha koo, kama mtu aliyekaukiwa sauti. 

Nikawafuata matembezi yote. Nilikuona pale nyumba ya chapa ulipokaa nyuma kidogo, wenzako wameshaondoka, ukauweka mkono ukutani, ukautoa, ukawakimbilia. Kwenye kona ya kisima tulikaribiana mno. Ulinitazama usoni. Ukasema, "Pita, mama, angalia hilo jiwe lisikuangushe." Ukaniita kwa neno unaloniitia siku zote, na hukunijua. Nikapita.

Mwisho wakapeana mikono, kila mtu akaenda zake. Wewe ulibaki uwanjani umesimama, kama mtu aliyesahau anakokwenda. Halafu ukarudi nyumbani kwa kuzunguka njia ile ile ya wageni. Nilikufuata mpaka mlangoni. Nikakuona unatafuta ufunguo mfuko wa kulia, halafu wa kushoto. Ukaingia. Sikubisha hodi. Nilisimama ng'ambo ya njia mpaka nikasikia redio, kisha nikaenda kituo cha basi.

Utauliza kwa nini sikubisha. Kwa sababu ningebisha, ungenikaribisha, na swali lako la kwanza lingekuwa, "Mkwe wangu hajambo?"

Hayupo, Baba. Aliondoka kabla mama hajafariki. Alipata mwingine, akahamia kwake, na nguo zake akatuma mtu kuzichukua. Mama alipokuja kunitembelea mara ile alinikuta peke yangu. Nikamwomba asikwambie, akaniahidi, akaondoka nayo ahadi yake. Siku ya mazishi nilikwambia yuko safarini kikazi, ukamwombea yeye radhi kwa watu. Nyumba tuliyopanga nilishindwa kuishi. Nakaa chumba kimoja juu ya duka la miwani. Baraza ni la mwenye nyumba, na hicho kiti ni chake, na sijawahi kumwona mtu akikikalia.

Nilikuwa nakuandikia baraza na kiti ili usinione nimeshindwa. Sikujua kwamba wewe ulikuwa unahamia humo. Kila nilichokizua ulikibeba ukaenda kukisimulia kwa watu, na ulikisimulia vizuri kuliko mimi, mpaka pale langoni nikatamani kuishi kwangu.

Nimechoka kula nimesimama, Baba. Nikikaa mezani naona kiti cha pili. Mimi ni mtu mzima, nina kazi, sina njaa, lakini jioni nikipanda zile ngazi na kufungua mlango hakuna anayeniuliza nimetoka wapi. Njoo. Chumba ni kidogo na dirisha linatazama ukuta. Sina cha kukuonesha. Njoo hivyo hivyo.

Binti yako


Tarehe 14 Mei

Wino,

Usishangae muhuri wa posta. Niko kwa binti yangu.

Barua yake nakutumia uisome mwenyewe kisha unirudishie, mimi siwezi kuirudia kwa maneno yangu. Niliisoma nimekaa, kama alivyoniamuru. Nikaisoma tena. Nililia, Wino, nakwambia wewe kwa kuwa uliwahi kuniona nikilia mtambo uliponikata kidole. Mtoto wangu amepita hatua moja kutoka kwangu nami nikamwonya juu ya jiwe kama mpita njia. Na mwaka na zaidi namwambia msalimie mkwe wangu, msalimie mkwe wangu. Kila salamu ilikuwa kibao.

Kabla ya kuondoka nilikwenda langoni, nikamwita pembeni mwenye mwavuli, nikamwambia mimi si mgeni. Nikamwambia na lile la chumvi, nikakutaja na wewe. Akashika ndevu. Akasema, "Mzee, wageni wanaipenda chumvi." Kisha akasema basi atataja vyote viwili, chumvi na chapa, wachague wenyewe. Usimkasirikie. Amenishika mkono ngazini zaidi ya mtu yeyote mwaka huu.

Binti alinipokea kituoni. Amekonda. Akachukua begi langu, akanitazama, mdomo unamcheza, akasema, "Karibu mji wako." Hapo tukacheka wote wawili mpaka watu wakageuka.

Nikamwambia nina siku nyingi nausimulia mji huu kwa watu na sijauona, anioneshe. Akasema hakuna cha kuona. Nikamwambia anioneshe hivyo hivyo, polepole, kwa sababu ya goti. Basi tukaanza. Akanionesha duka la miwani na lile jiwe la kusagia vioo. Akanionesha benchi nje ya posta anapokula mchana. Nikauliza, upande gani? Akanionesha upande, wa kushoto, penye kivuli. Akanionesha duka la mkate ambalo mwenyewe humrudishia chenji bila kunyanyua macho. Tukafika kona moja akasita, kisha akanyoosha kidole, hakuvuka njia. "Pale ndipo tulipokuwa tunakaa." Palikuwa na nguo za watoto zimeanikwa, za watu wengine. Nikauliza, habari ya mumewe kuondoka aliipatia wapi? Akasema jikoni. Nikauliza, ulikuwa umeshika nini? Akanitazama kwa mshangao, akasema, "Sufuria. Umejuaje?" Tukaendelea kutembea.

Baraza tuliliona, kiti tukakiona. Ni kiti cha kawaida, kimelegea mguu mmoja. Hatukukikalia.

Sijui nitakaa hapa mpaka lini. Chumba kweli ni kimoja, yeye amelala chini mimi nimelala kitandani, na tumeshagombana mara mbili juu ya hilo. Nyumba yangu kule inanywa unyevu. Hatujapanga kitu. Jioni anaporudi namuuliza ametoka wapi, ingawa namsikia akishuka asubuhi na kupanda jioni, na anajibu kama swali ni la maana.

Siku ile ya kwanza tulipopanda ngazi tukaingia chumbani, akaweka begi chini, akainjika maji ya chai, akasema kwa utani, "Haya, mzee wetu, hapa ndipo mwisho wa matembezi." Nami, Wino, kwa mazoea ya Alhamisi zote zile, nikanyoosha mkono nimuage. Akautazama mkono ule. Akaushika, na hakuuachia mpaka maji yalipochemka yakamwagika.

Nukta